Kila Kitabu Kina Swali Lake

(Hii ni mada niliyoitoa kwenye darasa la vijana la kata. Wengi mliokosa nafasi mliomba iwekwe hapa mtandaoni. Nimeiacha karibu kama nilivyoisema, nimeondoa tu matangazo na utani wa katikati.)



Nimepewa mada ya vitabu. Najua wapo waliotegemea niongelee uchaguzi, na wapo waliokuja kwa sababu ya pilau. Pilau ipo, msiwe na wasiwasi. Ila naomba mnivumilie kidogo, maana ninachokisema leo kinagusa siasa yetu kuliko mnavyodhani.

Niseme mapema: sikuja kuwasema kwamba vijana hamsomi. Mnasoma sana. Kuanzia asubuhi mpaka bando linakata mnasoma: tamko, skrinishoti ya tamko, majibu ya tamko, na majibu ya majibu. Tatizo ninaloliona mimi ni jingine. Tunasoma aina moja.

Wiki iliyopita nimewauliza wenzenu kama ishirini hivi, wa hapa hapa: kitabu gani ulikimaliza mwisho? Majibu yakawa mafungu mawili. Fungu la kwanza ni vitabu vya kutajirika, vile vya kuamka saa kumi alfajiri na kufikiri kama tajiri. Fungu la pili ni siasa: hotuba na maandishi ya wanaharakati, tena wa upande wetu. Hakuna aliyenitajia ushairi. Hakuna aliyetaja riwaya ambayo hakulazimishwa na mwalimu wa Kidato cha Nne. Na hakuna hata mmoja aliyetaja kitabu kilichoandikwa na mtu wa chama kingine.

Sivilaumu vitabu hivyo. Lakini mboga moja kila siku, hata ikiwa kuku, mwisho wake mwili unadai. Na kichwa ni hivyo hivyo.

Nikupeni mfano wa kitu nilichokiona mwenyewe. Nilikuwa kwenye mkutano mkuu wa kijiji kimoja, sitakitaja. Ajenda kubwa ilikuwa ardhi. Amekuja mtu anataka eneo kubwa tu la kijiji, na halmashauri ya kijiji ilishakaa na kumkubalia. Wananchi wameitwa kupewa taarifa, siyo kuulizwa. Vijana wetu walikuwepo, na walipaza sauti vizuri sana. "Wezi! Wezi!" Mwenyekiti wa kijiji akawatazama, akatabasamu, akaendelea na ajenda. Kelele ameshazizoea huyo.

Halafu akasimama mama mmoja, mwalimu mstaafu, miwani imefungwa kwa uzi. Hakupaza sauti. Akauliza: kikao cha halmashauri kilikaa tarehe ngapi? Akajibiwa. Waliohudhuria ni akina nani? Wakatajwa. Mbona mmoja wa waliotajwa tarehe hiyo alikuwa amelazwa hospitali ya wilaya, na sisi wengine tulikwenda kumwangalia? Kimya. Muhtasari wa kikao uko wapi? Kimya. Ndipo akatoa karatasi zake, Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Namba 5 ya mwaka 1999, akasoma kile kifungu kinachosema halmashauri ya kijiji haiwezi kugawa ardhi bila kwanza kupata idhini ya mkutano mkuu wa kijiji. Mkutano ukaahirishwa siku ile ile. Sikuambii kwamba ardhi iliokoka moja kwa moja, mambo ya ardhi huwa hayaishi mapema. Nakuambia kwamba siku ile haikugawiwa.

Baadaye nilimfuata. Shikamoo mwalimu. Marahaba mwanangu. Nikamuuliza, sheria umesomea wapi? Akasema sheria amepewa na mjukuu wake, ameisoma kwa wiki mbili. Nikamuuliza, na yale maswali ya tarehe na mahudhurio? Akacheka. Akaniambia, "Hayo siyo ya sheria mwanangu. Hayo ni ya Bwana Msa."

Naona wengine mnatazamana. Bwana Msa ni mpelelezi kwenye riwaya za Muhammed Said Abdulla wa Zanzibar. Ya kwanza, Mzimu wa Watu wa Kale, ilitoka mwaka 1960. Yule mama amezisoma tangu msichana. Akanieleza kwamba kwenye hadithi za upelelezi mwongo hakamatwi kwa kuitwa mwongo. Anakamatwa kwa kuulizwa alikuwa wapi, saa ngapi, na nani.

Hapo ndipo nikaielewa hoja ninayowaletea leo. Kila aina ya kitabu ina swali lake, na ukikisoma sana swali hilo linakuwa la kwako. Mwenye aina moja ya vitabu ana swali moja tu mfukoni. Sisi wa upinzani kazi yetu kubwa ni kuuliza. Sasa kijana mwenye swali moja atamhoji nani?

Hebu tupite aina moja moja.

Tuanze na upelelezi, kwa kuwa ndiyo raha kuliko zote. Swali lake nimeshalisema: nani alikuwa wapi? Zaidi ya Bwana Msa kuna Simu ya Kifo ya Faraji Katalambulla, ya mwaka 1965. Kuna Willy Gamba wa Elvis Musiba, jasusi wetu wa zama za mapambano ya ukombozi kusini mwa Afrika. Anzeni na Kufa na Kupona. Kuna Joram Kiango wa Ben Mtobwa. Hivi ni vitabu ambavyo wazazi wetu walivisoma kwa zamu mpaka majalada yakachanika. Kama umeacha kusoma tangu shule, anzia hapa. Usianze na kitabu kizito halafu ukalala nacho.

Pili, riwaya za maisha ya watu. Swali lake ni: ungekuwa wewe ungefanyaje? Rosa Mistika ya Euphrase Kezilahabi, mwaka 1971, inakuingiza ndani ya maisha ya binti aliyelelewa na baba mkali kupita kiasi. Baba alidhani anamlinda. Ukimaliza kile kitabu huwezi tena kuongelea "mabinti wa siku hizi" kirahisi kama tunavyoongea vijiweni. Kuli ya Adam Shafi, mwaka 1979, inakupeleka bandarini Zanzibar kwa wapagazi na mgomo wao wa mwaka 1948. Ukitaka kujua mgomo unaanzaje, nani anaogopa, nani anauza wenzake na kwa nini, Kuli itakufundisha kuliko semina tatu. Na Kusadikika ya Shaaban Robert, ya mwaka 1951, najua wengi mliisoma kwa ajili ya mtihani. Irudieni sasa mkiwa watu wazima. Karama anashtakiwa kwa sababu anataka watu wafundishwe sheria. Huko shule tuliambiwa tutaje dhamira na tamathali za semusi, hatukuambiwa tushtuke.

Tatu, tamthilia. Swali lake: na huyu mwingine anasemaje? Kwenye tamthilia hakuna mwandishi wa kukushika mkono, kila mhusika anajisemea mwenyewe. Someni Kinjeketile ya Ebrahim Hussein, ya mwaka 1969. Inahusu Vita vya Maji Maji vya 1905 mpaka 1907, lakini nawaambia ni kitabu cha mtu yeyote anayepanda jukwaani. Kiongozi anawapa watu ahadi. Ahadi inawaunganisha makabila yaliyokuwa hayaelewani. Halafu ahadi ile ile ndiyo inawapeleka mbele ya risasi. Je, ungewaambia ukweli na kuuvunja umoja, au ungenyamaza? Sisi tunaoahidi kila msimu wa kampeni tunatakiwa kulala na hilo swali. Na kina dada, na kina kaka pia, Nguzo Mama ya Penina Muhando, mwaka 1982: wanawake wanahangaika kuisimamisha nguzo yao na kila mmoja ana sababu yake ya kuiachia. Anayedhani kitengo cha wanawake kinaendeshwa kwa vitenge na nyimbo, akisome.

Nne, ushairi. Hapa najua mnaanza kupiga miayo. Swali la ushairi ni: neno hili limebeba nini? Mwanasiasa anaishi kwa maneno, halafu anakimbia fani inayopima maneno kwa mizani! Nitawapa mtu mmoja tu. Abdilatif Abdalla, kijana wa Mombasa, mwaka 1968 akiwa na miaka 22 aliandika kijikaratasi chenye kichwa Kenya Twendapi? Alikuwa mfuasi wa chama cha upinzani cha wakati ule, KPU. Akafungwa miaka 3. Gerezani akaandika mashairi kwenye karatasi za chooni. Yakachapishwa mwaka 1973 kwa jina Sauti ya Dhiki, na mwaka uliofuata kitabu kikapewa tuzo ya fasihi iliyobeba jina la Jomo Kenyatta, rais yule yule ambaye serikali yake ndiyo ilimfunga. Mnaona? Kijikaratasi kilimpeleka ndani, mashairi yakapita ukutani. Hebu mtu aniambie tena kwamba ushairi ni wa wazee.

Tano, wasifu na tawasifu. Swali lake: alilipa nini? Wasifu wa Siti Binti Saad ulioandikwa na Shaaban Robert ni kitabu chembamba, unakimaliza kwa siku mbili, kuhusu mwanamke aliyetoka kijijini Fumba bila shule akawa sauti ya Zanzibar, akaenda mpaka India mwaka 1928 kurekodi santuri. Tippu Tip naye alisimulia maisha yake kwa Kiswahili. Hicho msome mkiwa macho, maana anayesimulia ndiye aliyekuwa na bunduki.

Na hapa ndipo ninapotaka kuwakera kidogo. Someni vitabu vya viongozi wa chama tawala. Ndiyo, nimesema hivyo, mnaweza kuguna. Mzee Mwinyi ameandika maisha yake kwa Kiswahili, Mzee Rukhsa: Safari ya Maisha Yangu, kikatoka mwaka 2021. Mzee Mkapa aliandika kwa Kiingereza, kikazinduliwa mwaka 2019. Ndani ya kitabu cha Mkapa, yale mauaji ya Pemba ya Januari 2001 yametajwa na yeye mwenyewe kuwa ni doa kwenye uongozi wake. Sisi tulilisema jambo hilo miaka nenda miaka rudi majukwaani, tukaitwa wachochezi. Limo kwenye kitabu chake. Wangapi hapa walijua? Mikono naiona michache. Asiyemsoma mpinzani wake anapigana na mtu aliyemchora mwenyewe.

Na Mwalimu Nyerere, ambaye kila mtu anamnukuu na wachache wanamsoma. Mwaka 1962 aliandika kijitabu Tujisahihishe, akikisema chama chake mwenyewe. Mwaka 1993 akaandika Uongozi Wetu na Hatima ya Tanzania, akiwasema viongozi wa serikali ya chama chake kwa majina na nyadhifa. Kilichapishwa Harare. Halafu msome na Kaptula la Marx ya Kezilahabi, tamthilia ya miaka ya 1970 iliyokuja kuchapishwa mwaka 1999, inayoucheka ujamaa wa Mwalimu huyo huyo. Mkivisoma vyote, hamtamwabudu wala hamtamtukana. Mtamjua.

Sita, tafsiri. Swali lake: kwa wenzetu ilikuwaje? Wengi mnasema "mimi Kiingereza kinanipiga chenga". Sawa. Shamba la Wanyama ya George Orwell iko kwa Kiswahili tangu mwaka 1967, imetafsiriwa na Fortunatus Kawegere. Tunaipenda kwa sababu tunadhani inawasema wale. Jaribuni kuisoma mkiwaza vikao vyetu sisi, jinsi kanuni zilizoandikwa ukutani zinavyobadilika usiku na asubuhi hakuna anayekumbuka zilisemaje. Viumbe Waliolaaniwa ni Frantz Fanon kwa Kiswahili. Barua Ndefu Kama Hii ni ya Mariama Bâ wa Senegali, mjane anamwandikia rafiki yake kuhusu ndoa na mume aliyeongeza mke. Abdulrazak Gurnah, Mzanzibari aliyepata Tuzo ya Nobel ya Fasihi mwaka 2021, riwaya yake moja sasa inasomeka kwa Kiswahili kwa jina la Peponi, tafsiri ya Ida Hadjivayanis: mtoto Yusuf anatolewa kwa tajiri kulipia deni la baba yake. Na Nyerere alitafsiri tamthilia mbili za Shakespeare, Juliasi Kaizari na Mabepari wa Venisi, huku ni Rais wa nchi. Yeye alipata muda. Wewe unayeshinda kwenye grupu la WhatsApp huna muda?

Saba, historia. Swali lake: kabla ya hapo ilikuwaje? Walter Rodney alikuwa anafundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam alipotoa kitabu chake cha mwaka 1972 kuhusu jinsi Ulaya ilivyoidumaza Afrika. Kilichapishwa London na hapa hapa Dar, na Tanzania Publishing House. Ukitaka kurudi nyuma zaidi, kuna Desturi za Waswahili ya Mtoro bin Mwinyi Bakari wa Bagamoyo, iliyochapishwa mwaka 1903, na kuna Habari za Wakilindi kuhusu watawala wa Usambara. Hizo ni sauti za watu wetu wakijielezea kwa lugha yao kabla hata bibi zetu hawajazaliwa.

Nane, na hii ndiyo mnayoikimbia kuliko ushairi: nyaraka. Katiba ya mwaka 1977, ipo kwa Kiswahili. Taarifa rasmi za Bunge. Ripoti za CAG, ambaye Ibara ya 143 inamtaka akague hesabu za serikali angalau mara moja kila mwaka. Swali lake: imeandikwa wapi, na fedha imekwenda wapi? Ripoti ya CAG usiisome yote kama riwaya. Tafuta halmashauri yako. Soma kurasa zinazoihusu. Andika pembeni. Basi, tayari una hoja ya mwaka mzima.

Kwenye kundi hili nawawekea na Ripoti ya Tume ya Nyalali. Iliundwa mwaka 1991, ikatoa mapendekezo mwaka 1992. Takriban asilimia 80 ya waliotoa maoni walitaka chama kimoja kiendelee, na bado Tume ikapendekeza vyama vingi. Ikaorodhesha pia sheria 40 za kurekebishwa au kufutwa. Nusu yenu hapa mmezaliwa baada ya hapo, mmekuta vyama vingi kama mlivyoikuta mvua. Someni mjue vilikujaje, na mjue kwamba kwenye ile orodha ya 40 bado kuna kazi.

Sasa swali la vitendo: nitavijuaje hivi vitabu na nitavipata wapi? Nawapa njia nne.

Njia ya kwanza naiita kufuata kamba. Kitabu kimoja kikikupendeza, usikiache kabla hakijakuonyesha kingine. Umeangalia filamu ya Vuta N'kuvute ya mwaka 2021? Tafuta riwaya yenyewe, ya mwaka 1999. Umempenda Adam Shafi? Nenda Kuli, kisha Haini. Haini imekupeleka kwenye mambo ya baada ya kuuawa kwa Karume mwaka 1972? Basi umeshaingia kwenye historia bila kujua. Umesoma Kinjeketile? Tafuta utenzi wa Vita vya Maji Maji wa Abdul Karim bin Jamaliddini. Angalia jina la mtafsiri, angalia jalada la nyuma, angalia mwandishi anamshukuru nani mwanzoni. Kamba haiishi.

Njia ya pili ni maktaba. Maktaba Kuu ya Taifa pale Dar es Salaam ilifunguliwa tarehe 9 Desemba 1967, sherehe za Uhuru, na mikoani zipo maktaba za mikoa. Wengi tunapita nje kila siku tukidhani ni ya wanafunzi. Ni yako. Ukiingia, usiende moja kwa moja kwenye rafu unayoijua. Maktaba nyingi hupanga vitabu kwa namba: mia tatu ni mambo ya jamii, sheria na siasa, mia tano sayansi, mia sita ufundi, kilimo na afya, mia nane fasihi, mia tisa historia na wasifu. Kila ukienda, chagua kimoja kwenye rafu ambayo hujawahi kusimama mbele yake. Na muulize mkutubi. Mkutubi anakaa siku nzima na vitabu, mara nyingi hakuna anayemuuliza kitu zaidi ya msalani ni wapi.

Njia ya tatu ni wauza vitabu vya mitumba, wale wanaopanga chini, barabarani. Pale hakuna mpangilio, na ndiyo uzuri wake. Soma ukurasa wa kwanza, halafu ukurasa wowote wa katikati. Kama wa katikati nao unataka ujue kinachofuata, toa hela.

Njia ya nne ni kuchanga. Watu kumi, elfu mbili mbili kwa mwezi, ni elfu ishirini. Hizo ni soda mbili tatu kwa kila mtu. Mnanunua mnachoweza, kinazunguka, na mwisho wa mwezi mnakaa mnakijadili. Lakini wekeni masharti matatu. Moja, msisome aina moja mara mbili mfululizo. Mbili, kila mwaka angalau kimoja kiwe cha mtu mnayempinga. Tatu, kila anayemaliza aseme kitabu kimemuuliza nini, siyo tu kimemfundisha nini.

Kuhusu zile PDF za kutumiana: Katiba, sheria na taarifa za Bunge ni vya umma, sambazeni mpaka simu zijae. Riwaya ya mwandishi aliye hai ni jasho lake. Hatuwezi kulalamika juu ya wanaokula jasho la wakulima huku na sisi tunakula la waandishi.

Kabla sijamaliza, kuna kaka mmoja pale nje kaniambia neno ambalo sitaki niliache. Kasema, "Kiongozi, wenzetu wanalala mahabusu, wewe unatuletea hadithi za mapenzi na upelelezi. Si anasa hiyo?"

Nimeliheshimu swali lake, maana linatoka kwenye maumivu. Ndugu yangu, Rosa Mistika ilipotoka ilipigwa marufuku mashuleni. Abdilatif alifungwa kwa kijikaratasi. Anasa haifungiwi. Wanaofunga wanajua kitu ambacho sisi tunakisahau: mtu aliyezoea kuingia kwenye maisha ya watu wengine, akaona pande tatu za jambo moja, akapima maneno, akauliza tarehe, ni mgumu sana kumdanganya. Na nasema hata sisi viongozi wenu tutashindwa kumdanganya. Hilo ndilo linalonifanya niamini kwamba ni jambo jema. Chama kikiwa na vijana wa namna hiyo, hata kikishika dola kesho, hakitaota pembe kirahisi.

Mwenzetu akiwa mahabusu anahitaji watu wa aina mbili nje. Anahitaji watakaopaza sauti, na anahitaji atakayeuliza kwa utulivu: amekamatwa saa ngapi, na nani, amepelekwa kituo gani, kwa kifungu gani? Wa kwanza tunao wengi. Wa pili ndio tunaowatafuta.

Kwa hiyo kazi ya nyumbani ni hii. Miezi sita, vitabu sita, aina sita. Kurasa kumi kwa siku, kwenye daladala, ukisubiri abiria, ukisubiri usingizi. Kurasa kumi kwa mwezi ni mia tatu, na vitabu vingi nilivyovitaja leo havifiki hapo. Katibu atapitisha daftari; andika jina lako, andika kitabu utakachoanza nacho, na mbele yake andika aina yake. Nikiona daftari lote limejaa siasa, nitalirudisha.

Tutakutana tena Jumamosi ya kwanza ya mwezi ujao. Sitawauliza nani kaposti nini. Nitawauliza mmesoma nini, na kimewauliza swali gani.

Pilau sasa.